Kibao cha Kaburi la Malkia wa Pembe

Kijiwe cha Blandina kipo Uyole, hapo barabara ya Tukuyu inapoachana na barabara kuu, na benchi lake ni ubao wa bodi ya lori lililolala Mlima Nyoka, mwaka ambao kila mmoja anautaja kivyake. Wenyeji wa benchi ni wanne, ukimhesabu Blandina mwenyewe mwenye birika. Yupo mzee Kalinga, karani mstaafu wa mahakama ya mwanzo, wanamwita Hakimu ingawa hajawahi kumfunga hata kuku. Yupo Jofrey fundi madishi, jina lake Satelaiti. Na yupo Anord, anayewapandisha wageni mlimani kuwaonyesha mahali ilipopigwa picha ile filamu ya majitu na Malkia wa Pembe. Huondoka nao saa mbili asubuhi, saa saba mchana amewarudisha, kwa hiyo kijiweni ni Nusu Siku. Alhamisi hiyo alirudi saa saba kamili kama kawaida yake, akaketi, akashika kikombe kwa mikono miwili, na hakunywa.

— Nusu Siku, leo wangapi? aliuliza Jofrey.

— Sita.

— Umewafikisha kote?

— Kote. Lango la Majitu, maporomoko, msitu wa mipaina, halafu kaburini.

— Kaburi ya Malkia! Jofrey akapiga paja. Kesho inapata kibao cha zege, mnajua? Kamati ya kijiji imeita fundi maandishi kutoka Iringa. Herufi kubwa kubwa, mtu akiwa barabarani huku anasoma.

Anord alitazama kahawa yake. Asubuhi ile mgeni mmoja, mama mchangamfu mwenye kofia nyekundu, alipanda juu ya yale mawe, akalala chali, akakunja mikono kifuani kama Malkia alivyolazwa kwenye filamu. Wenzake wakashangilia. Akamwomba Anord ampige picha, na Anord akapiga. Alipiga tatu, maana katika mbili za kwanza yule mama alikuwa anacheka. Kosa halikuwa la mgeni. Mgeni huamini alichoambiwa na mwenyeji, na mwenyeji aliyemwambia alikuwa Anord, akiwa na fimbo yake na beji yake shingoni.

— Mimi nawaambia, yule Malkia si wa filamu, mzee Kalinga akaanza, akikohoa kimahakama. Alikuwepo. Kabla ya Wajerumani, huu mlima wote ulikuwa wake. Wale wa kamera walisoma kwenye vitabu huko kwao, wakaja moja kwa moja. Wahenga walisema, mwenda tezi na omo, marejeo ni ngamani.

— Ngamani ndo wapi, Hakimu? Makambako?

— Kule kule.

— Basi mimi nina ya kwangu, alisema Jofrey. Mnajua kwa nini dishi zote za upande ule zinashika picha bila chenga? Wale jamaa walifukia mtambo. Kaburi ni geresha. Chini mle kuna chuma inavuta mawimbi, ndo maana ukungu unashuka pale kwanza, saa nne kamili, kama umefungiwa kengele. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu.

— Hiyo inahusiana nini na mtambo?

— Atakayefukua atavunjika guu.

Wakacheka, isipokuwa Anord. Blandina alikuwa anasuuza vikombe, akazungumza bila kugeuka.

— Chekeni tu. Mimi shamba langu la viazi lipo chini ya lile kaburi, ninaliona kila siku. Yale mawe yanaongezeka.

— Si wageni wanaweka, dada? Kila mgeni anaambiwa aweke jiwe lake.

— Wageni najua. Nasema hata wiki ya mvua, wageni hawapo, barabara imekatika. Jumatatu napanda, nakuta jiwe jipya juu. Limeoshwa. Jumatano, lingine. Lile kaburi linaota mawe, Satelaiti, kama kiazi kinavyoota macho.

Mzee Kalinga akageuka kuutazama mlima.

— Naweka mimi, alisema Anord.

Wote wakamgeukia.

— Hayo ya wiki ya mvua naweka mimi. Naokota mtoni, naosha, napanda nayo. Mama alinifundisha. Alikuwa akipita pale haachi kuweka jiwe, ili mvua isimfukue mwenye pake.

— Mama yako Faustina? aliuliza Blandina. Marehemu Faustina alijuana wapi na Malkia wa filamu?

— Hakuna malkia pale, dada. Pale amelala bibi yangu. Mama yake mama.

Ukweli aliokaa nao miaka minne ulimtoka kwa sauti ndogo, na alipouanza hakuweza tena kuukatisha. Walipokuja watu wa filamu, Anord alikuwa mpagazi wao, anabeba masanduku ya kamera. Bosi wao aliona yale mawe kwenye shamba lililoachwa, akayapenda, akauliza kama ni kaburi. Msalaba wa mti ulikwisha kuungua zamani na moto wa nyika. Anord aliwaza kwamba akisema ndiyo watahamia mlima mwingine, na vijana arobaini wa kijiji watarudi kukaa bure. Akasema hapana, ni mawe tu yaliyotolewa na wakulima shambani. Wakaongeza mengine ya plasta, wakamlaza Malkia wao juu, wakapiga picha siku mbili. Walipoondoka walibeba yale ya plasta na kuacha jina la Malkia.

— Mungu wangu, alisema Blandina. Mama yake Faustina, Mama Aroni?

— Ndiye.

— Mama Aroni yupo pale? Yule aliyekuwa akinipa magimbi ya kuchoma nikitoka shule? Alipozikwa nilikuwa mbali, na shamba langu nimelinunua baadaye.

— Leo mgeni amelala juu yake, dada. Mimi nimepiga picha.

Blandina aliketi. Mzee Kalinga akavua kofia yake ya sufu na kuiweka gotini. Alimjua Mama Aroni vizuri sana. Alipohamia Uyole akiwa kijana asiye na mke, ndiye aliyempa mbegu ya viazi na kumfundisha kuwasha moto wa kuni mbichi. Alipofariki, Kalinga alikuwa amehamishiwa mahakama ya huko Mbarali, na aliporudi hakuuliza amezikwa wapi. Jambo hilo lilimchoma sasa.

— Kwa nini hukusema muda wote huu, mwanangu?

— Nilijidanganya, mzee. Nikawa najiambia, Malkia anawekewa mawe na watu wa nchi kumi. Bibi peke yake angewekewa na nani? Mama hayupo. Mjomba Aroni alikwenda migodini hakurudi. Nikasema acha wamwite wanavyotaka, mradi mawe yanafika. Lakini kesho wanaandika kwa zege. Zege halifutiki.

Jofrey alikuna kichwa. Hakuwa mtu mbaya, ila mdomo wake ulikuwa na haraka.

— Ila kaka, tuongee ukweli. Kijiji kinakula kwa Malkia. Bati za zahanati zimetoka kwa Malkia. Ukisema ni bibi, nani atapanda mlima kumwona bibi?

— Watapanda, alisema Blandina kwa ukali. Wataambiwa filamu ilipigwa hapa, na pale amelala mwenye shamba. Wataweka jiwe kwa adabu, na hakuna atakayepanda juu. Au bibi yako wewe ukimwona amekanyagwa utahesabu bati?

— Sijasema hivyo, dada.

— Ndivyo ulivyosema.

— Basi nimefuta.

Mzee Kalinga alisimama. Benchi lilimjua anapotaka kutoa hukumu, na mara nyingi lilimzomea, lakini safari hii lilimwacha.

— Kamati nitakwenda mimi, jioni hii hii. Mwenyekiti nilimfundisha kuandika barua ya malalamiko, hawezi kunikatalia. Kibao kiwepo, zege liwepo, ila kiandikwe jina la mwenye kaburi. Mkulima wa mlima huu. Siku zote cha mtu ni chake.

Kwa mara ya kwanza tangu asubuhi Anord alikunywa kahawa. Ilikuwa imepoa, lakini aliimaliza yote. Alihisi kama mtu aliyetua mzigo wa kuni, shingo ikiwa bado inauma na miguu imekwisha kuwa myepesi.

Hapo akafika mgeni, mwanamume mfupi mwenye mkoba wa turubai, viatu vimekaukiwa na saruji.

— Kamwene.

— Kamwene, alijibu mzee Kalinga, na uso wake ukafunguka kusikia salamu ya kwao.

— Naitwa Ombeni, fundi maandishi, nimetoka Iringa asubuhi. Nimeelekezwa kwa anayepeleka watu mlimani.

— Ni mimi, alisema Anord. Karibu, kaka. Kuna mabadiliko kwenye yale maneno. Usiandike malkia.

— Afadhali umeniwahi, maana herufi nakata leo, kesho saa mbili namwaga. Ombeni alitoa karatasi na penseli, akaiweka karatasi juu ya goti. Haya, niandike nani?

— Andika Mama Aroni, alisema Jofrey.

— Hilo la mtoto wake. La kwake mwenyewe?

Anord alifungua mdomo. Alimwita Bibi mpaka akafikisha miaka saba, siku waliyomzika. Mama yake alimwita Mama. Majirani walimwita Mama Aroni, mchungaji alimwombea Mama Aroni, na wimbo wa mwisho uliimbwa kwa ajili ya Mama Aroni. Alitafuta nyuma ya majina hayo na hakukuta kitu.

— Dada Blandina?

Blandina alitikisa kichwa. Macho yake yalikuwa yamejaa.

— Mzee? Wewe ulikuwa mtu mzima tayari.

Mzee Kalinga alikuwa bado amesimama. Alikitazama kiganja chake cha kulia.

— Alikuja mahakamani mara moja, shahidi wa kesi ya mpaka wa shamba. Nilimwandika mimi, kwa mkono huu. Nikamuuliza, jina lako? Akasema, Mama Aroni. Nikaandika.

— Hukumuuliza jingine?

— Foleni ilikuwa ndefu, mwanangu.

Blandina aliinua birika amjazie mgeni kikombe. Yalitoka matone mawili, likakauka. Ombeni alikuwa anangoja na penseli yake, kwa adabu.

— Kesho saa mbili nina wageni wanane, alisema Anord. Wataniuliza huyu ni nani.