Kompyuta ya Kubeba Ghorofa Nne

Aliyemletea habari ni wifi yake, aliyemkuta akianua nguo: "Mumeo yuko kijiweni anatafuta ushauri. Kesho cherehani yako inabadilishwa kwa kompyuta." Alimfunga mtoto mgongoni, akaenda. Kijiwe chenyewe ni benchi moja nje ya gereji ya pikipiki, birika la kahawa juu ya tairi bovu. Mumewe, waliyemwita Injinia, alikuwa ameinama katikati kama mgonjwa baina ya waganga. Kazi yake ni kuchora majengo kwenye kompyuta, nguzo na boriti zote, kisha programu ipige hesabu kama yatasimama. Siku hizi, akichora jengo la ghorofa nne, kompyuta inakwama, hata mkewe akiipepea kwa kipepeo cha jikoni. Mkewe alisimama kando ya mlango wa gereji, akasikiliza.

— Saruji na nondo si pamba, — alisema Spana, mwenye gereji. — Kompyuta ukiweza kuiinua kwa mkono mmoja, iache hukohuko dukani.

— Wewe jua pikipiki zako, — alisema Nukta, fundi simu. — Anunue kadi ya picha, ile kubwa ya wacheza gemu. Chanda chema huvikwa pete.

— Pete ya nini tena?

— Feni! Kadi nzuri huvikwa feni.

Waziri, karani mstaafu ambaye hajawahi kuwa waziri wa chochote, alipuliza kikombe chake.

— Aongeze kumbukumbu ya kompyuta, vijana. Haba na haba hujaza kibaba. Kila ghorofa na kumbukumbu yake.

— Basi anunue kompyuta mbili, — Nukta akadakia. — Moja ibebe ghorofa za chini, nyingine za juu, katikati waya.

— Waya ukichomoka?

— Si jengo linakatika, mzee!

— Hamna akili, — alisema Waziri. — Alichore likiwa limelala chali. Kitu kilicholala hakina uzito. Hesabu zikiisha, analisimamisha.

Injinia alitikisa kichwa kukubali. Alikuwa amechoka.

— Shemeji! — Spana alimwona. — Sogea. Mgeni njoo, mwenyeji apone.

— Shikamoo, mzee, — alimwamkia Waziri kwanza.

— Marahaba, mwanangu.

Kisha akamgeukia mumewe, macho chini.

— Mwenzangu, hii tuliyo nayo hukwama ukiwa unachora, au ikiwa inapiga hesabu?

Injinia alimtazama Nukta, Nukta akamtazama Spana. Waziri aliinamisha birika, likatoa machicha.

— Mimi... — alisema Injinia, — nikiiona tu inaanza kusuasua, huwa nakuja huku.

Asubuhi yake mkewe hakuifungasha cherehani. Aliisogeza pembeni mwa meza, akamwekea mumewe kiti mbele ya kompyuta. Kipepeo alikiacha jikoni. Kiti cha pili alikiweka mlangoni, akakikalia, mtoto mapajani.

— Washa, — alisema.