Kura Moja ya Upande wa Kulia

Jumatatu asubuhi, kesho yake ya uchaguzi, benchi la mbele ya duka la mikate hapa Oberwinzenbach, kijijini kwetu Ujerumani, lilijaa kabla hata mikate haijatoka. Nani alale? Mheshimiwa wetu, Dakta Wendelin Strohäcker wa chama cha njano, kaanguka. Chama chake nchi nzima kimepata asilimia nne nukta nane, na sheria ya kwetu haina utani: usipofika tano, bungeni huingii, ulie usilie. Kwa wengine hiyo ilikuwa habari ya redioni. Kwa Irmtraud, aliyekaa katikati yetu na kikombe chake, ilikuwa ni kazi kuota mbawa. Amekuwa katibu wa ofisi ya mheshimiwa hapa kijijini miaka kumi na sita, na ubunge ukifa, mkataba wa katibu nao unazikwa. Ana miaka hamsini na tisa. Nilimsogezea sukari, maana sikujua nimwambie nini.

Ndipo akaja Breki. Ni dereva wa treni mstaafu, na tunamwita Breki kwa sababu mdomo wake hauna. Mkononi alikuwa na simu, kapiga picha matokeo ya kituo chetu cha kura pale shuleni. Sasa karatasi yetu ya kura ni moja, alama mbili: kushoto unachagua mtu, kulia unachagua chama. Watu wa njano kushoto hawashindi hata waote ndoto. Wao huingia bungeni Berlin kwa orodha ya chama, yaani kwa kulia, na hilo hapa analijua kila mtu.

Breki akasoma. Kushoto, Strohäcker: hamsini na nne. Kulia, chama chake: moja.

— Hiyo moja ni yangu, akawahi kusema.

— Yako kwa lipi? akadakia Profesa, ambaye hakuwahi kufundisha popote, alikuwa mpima ardhi. — Hiyo ni yangu. Nilikandamiza penseli mpaka meza ikapata alama.

Nami nikaapa kuwa ni yangu. Ndiyo, niliapa. Mlitaka niaibike peke yangu?

Irmtraud akatutazama mmoja mmoja.

— Watu watatu, kura moja, akasema. — Mimi nataka kujua tu ni nani kati yenu aliyenikumbuka.

Hapo kila mtu akawa na haraka ya kutafuta mchawi kwingine. Breki akaanza na mabango. Alidai yalifungwa juu mno kwenye nguzo, ukipita chini unaona tai ya shingoni tu, na mtu hawezi kuchagua tai. Profesa akasema mabango hayana kosa, wakosaji ni waliohesabu kura, vijana wa zimamoto. Walihesabu huku wanakula soseji, karatasi zikagandana kwa haradali, kura hamsini zikasomwa kama moja.

— Wahenga walisema, mgeni njoo mwenyeji apone, akamalizia.

Nikamuuliza mgeni hapo ni nani. Akasema ni haradali.

Breki hakukubali kushindwa. Akashusha sauti, akasema yeye ana siri nzito kuliko hiyo: mheshimiwa si mmoja, ni wawili. Mmoja anakaa Berlin, mwingine anazunguka kwenye sherehe za mvinyo, na waliopigiwa kura ni wote wawili, ndiyo maana hesabu haikai sawa. Profesa akamwuliza ushahidi. Akasema ushahidi ni kwamba hakuna binadamu mmoja anayeweza kusema maneno yale yale kwa tabasamu lile lile mahali pawili.

Irmtraud alicheka kidogo, halafu akaacha kucheka, akaanza kumtetea. Alieleza kama mtu anayesoma wasifu kwenye mazishi. Mheshimiwa alizaliwa ghorofani juu ya duka la dawa la baba yake, na chama alikirithi pamoja na mizani ya duka. Akasoma, akaandika tasnifu ya udaktari juu ya vifuniko vya chupa za dawa. Akakaa nafasi ya kumi na moja kwenye orodha ya chama, wakaingia kumi. Mmoja wao akafa kwa ugonjwa wa moyo, naye akaingia Berlin na maua ya msiba mkononi. Hotuba zake ni arobaini na tatu. Thelathini kati ya hizo hazikusikiwa na mtu, kwa sababu muda uliisha na akazikabidhi kwa maandishi, kama ilivyo desturi kule.

— Na ile fomu je? akasema Irmtraud. — Fomu ya wenye maduka ya dawa ilikuwa na kurasa sita. Miaka minane alipigana. Zikabaki nne.

— Na kiambatisho, akasema Profesa.

— Kiambatisho ni kurasa tatu, Irmtraud akakiri. — Lakini hicho hakukiandika yeye.

Tulikuwa bado tunajumlisha kurasa pale mheshimiwa mwenyewe alipokatiza uwanja, amebeba maboksi matupu ya ofisini. Miaka yote hupita pale akipunga mkono na kugawa kalamu za njano, hana dakika. Safari hii alisimama, akaweka maboksi chini, akauliza kama kuna nafasi. Tukabanana. Harufu ya sabuni ya kunyolea na macho mekundu, basi, huyo ndiye aliyekuwa mbunge wetu.

Breki akampa pole, Profesa akampa pole, wote wawili wakampa na hongera kwa zile hamsini na nne za kushoto.

— Ahsanteni, akasema. — Nimeziona. Sikujua kama mnanipenda kiasi hicho.

Akanywa kahawa ya Profesa bila kugundua si yake.

— Na ile moja ya kulia nayo msihangaike kuitafuta, akasema kwa upole tu. — Ile ni yangu. Za kwenu mlizipeleka wapi?

Breki, kwa mara ya kwanza tangu nimjue, alifunga breki. Mimi nilikagua kamba za viatu vyangu. Ndipo nikaona mheshimiwa anapiga hesabu polepole, uso unabadilika, anageuka kumtazama mtu aliyempangia safari zake, aliyemnunulia mkewe maua ya siku ya kuzaliwa miaka kumi na sita.

— Irmtraud?

Irmtraud alikishika kikombe kwa mikono miwili.

— Ile hotuba ya watu wafanye kazi mpaka miaka sabini niliichapa mimi, akasema. — Nikachapa mara tatu, ukawa unarekebisha nukta. Nikasema moyoni, safari hii nimnyime ya kulia, nimtie adabu kidogo. Nilijua utapita tu, mheshimiwa. Si ulikuwa unapita siku zote?

Mheshimiwa akatikisa kichwa, wala hakukasirika. Akainama, akachukua boksi moja, akampa Irmtraud, la pili akabeba mwenyewe.

— Hata mimi nilijua hivyo hivyo, akasema.

Wakaondoka wote wawili kwenda kufungasha ofisi.