Neno la Kifaranga Kwenye Ukurasa wa Nne

Mheshimiwa mgeni rasmi, Wakili Agnes Kasiani. Mwalimu Mkuu na walimu wetu. Wazazi na walezi mliotoka Chikongola hadi Madimba. Wahitimu wenzangu wa Kidato cha Nne, mwaka 2004:

Nimepewa kazi ya kumkaribisha mgeni wetu. Naomba nianze na swali linalonisumbua tangu mwaka jana: sauti ya mtu inahusiana nini na mikorosho?

Mwaka jana nilimsindikiza bibi yangu, Fatuma Selemani, kusikiliza hukumu ya kesi ya shamba lake. Hakimu alisoma kwa Kiingereza, karani akitafsiri. Mikorosho ni ya bibi. Kisha hakimu akaongeza jambo, karani akasita.

"Amesema nini?" bibi akauliza.

"Amesema wakili wako ana sauti ya kifaranga, na jikoni pangemfaa zaidi."

Watu wakacheka. Wakili Agnes akasimama, akainama kama ilivyo desturi ya mawakili, akashukuru kwa hukumu.

Mimi pia, kama mnavyosikia, sauti yangu ni ndogo. Nilikuwa nimejaza fomu kwamba nataka kusomea sheria. Siku ile nilitaka kufuta. Lakini kwanza nikamfuata wakili barazani.

"Shikamoo. Kwa nini umemshukuru?"

"Marahaba, mwanangu. Nimeinamia mahakama. Yeye amekaa tu pale."

"Hukati rufaa?"

"Nikate rufaa kwa ajili ya sauti yangu, mikorosho ya bibi yako irudi kubishaniwa?"

Bibi akadakia, "Kifaranga kimenirudishia shamba. Kingekuwa jogoo je?"

Baadaye niliomba kusoma nakala ya hukumu, kamusi mkononi. Ni hukumu nzuri. Mpaka una ushahidi wake, kila mkorosho una shahidi wake. Je, neno la kifaranga, lililo ukurasa wa nne, lilitolewa ushahidi na nani? Na aliyesemwa alipewa nafasi gani ya kujibu, ikiwa kujibu kungemgharimu mteja wake shamba? Nimetafuta jibu katika kitabu cha uraia, sijalipata.

Mheshimiwa mgeni rasmi, leo hakuna shamba la mtu hatarini. Nafasi ile tunakupa sisi.

Fomu yangu sikuifuta. Umeme, kama mlivyoona, ulikatika nilipofika kwenye mikorosho, na kipaza sauti kikazimika. Nawashukuru nyote, hasa ninyi wa viti vya nyuma, mlionyamaza mkanisikia hivyo hivyo.